Ukitoka Hapa Unalala Mara Ngapi?

Katika riwaya ninayoiandika, mwaka wa tatu sasa, yumo mzee mmoja wa Kirumba ambaye kazi yake ni kuchora ramani. Jina sijampa bado. Ramani zake si hizi za kubandika ukutani darasani. Ukiweka kidole juu ya Ukerewe unaiona Ukerewe ya mwaka unaoutaka wewe: mitumbwi ya mwaka huo, migomba ya mwaka huo, na marehemu wako wamekaa mkekani wanakula. Mhariri mmoja niliyempelekea sura tatu za mwanzo alinirudishia na maneno machache: ati uchawi wa namna hiyo ni mambo ya Wazungu, Mwanza haupo, afadhali niandike habari za sangara na watoto wa mitaani. Kukataliwa nimeshazoea, bwana. Kilichoniuma ni hilo la "Mwanza haupo".

Maana mzee yule sikumwokota hewani. Ndugu msomaji, umepata kusikia habari za Jakob Erhardt? Alikuwa mmisionari wa Kijerumani, akaja pwani yetu mwaka 1849 kufanya kazi pamoja na akina Krapf na Rebmann. Mwaka 1854 alikaa Tanga miezi ipatayo sita. Ziwa hakuliona hata siku moja. Alichokuwa nacho ni masikio. Alikaa na watu wa misafara akawauliza njia za bara, nao hawakumjibu kwa maili. Walijibu kama bibi zetu wanavyojibu mpaka leo: ukitoka hapa unalala mara ngapi, maji yako wapi, siku ya ngapi unaliona ziwa.

Basi Erhardt akazichukua siku zile akazigeuza ardhi. Hebu litafakari jambo hilo. Mtu anapewa muda, anatoa nchi! Kama huo si uchawi, mimi sijui uchawi ni nini.

Sasa, kwa kuwa waliotokea Tanga, Bagamoyo na Kilwa wote walisema kule mbele kuna maji, yeye na Rebmann wakachora ziwa moja tu, kubwa la kutisha, limejilaza katikati ya Afrika mithili ya konokono aliyevuliwa gamba. Ramani ilitoka Ulaya mwaka 1855 na 1856, na mabwana wa London wakabishana mpaka basi. Kumbe yalikuwa maziwa matatu, Nyasa, Tanganyika na hili letu, yameshonwa pamoja. Lakini ramani hiyo yenye kasoro ni mojawapo ya mambo yaliyowaleta Burton na Speke. Tarehe 3 Agosti 1858 Speke, akiwa amemwacha Burton mgonjwa kule Kazeh, yaani Tabora, alifika hapa Mwanza, akayatazama maji, akayabandika jina la malkia wake. Waliokuwa wakiyaita Nyanza hawakuulizwa. Kisha mambo yakageuka: Burton akakataa kwamba hili ni ziwa moja. Ugomvi ulikwisha Stanley alipolizunguka kwa mashua mwaka 1875, akianzia Kageye na kurudi palepale. Alitumia siku 57. Siku tena!

Na ziwa lenyewe halitulii. Takriban miaka 15,000 iliyopita lilikuwa limekauka, pakavu. Kati ya 1961 na 1964 lilipanda zaidi ya mita mbili. Hapo ndipo hadithi inapoingia nyumbani kwetu. Bibi mzaa mama alikuwa akituonyesha kwa kidole mahali fulani ndani ya maji, mbali kidogo na ufuko, anasema, "Pale ndipo nilipoolewa." Sisi watoto tunacheka. Mwaka 2006, ziwa liliposhuka sana, mama anasema bibi alikwenda peke yake kutafuta mafiga yake. Alirudi na matope hadi magotini, akanawa, akapika. Hakuna aliyethubutu kumwuliza. Mwaka 2020 maji yalipanda tena, yakavuka kidogo alama ya 1964. Bibi hakuwepo kuyaona.

Nani ana ramani ya mahali pale? Ofisi ya ardhi haina. Mimi ninacho kidole cha bibi tu, nacho kinaanza kunipotea: siku hizi sikumbuki vizuri kama kilielekea upande wa jiwe au upande wa miti.

Kuna siku nawaza nimeshachelewa. Halafu namkumbuka Aniceti Kitereza wa Ukerewe, aliyemaliza riwaya yake kwa Kikerewe mwaka 1945. Ilitoka kwa Kiswahili mwaka 1980, naye akafariki 1981. Miaka thelathini na mitano! Mimi ya kwangu ni mitatu, nanung'unika nini?

Sangara nitawaandika, wala sijawakataa. Tangu Daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe mwaka 2025, lori la samaki halisubiri tena kivuko. Sengerema imesogea, ingawa haikuhama hata hatua moja. Hilo nalo mzee wangu itabidi alichore.

Sura ya nne nimeianza juzi usiku. Mwanamke anabisha hodi Kirumba, ana matope miguuni, anataka mwaka 1960. Mzee anakunja ramani zote, anaziweka kando, anamsogezea kigoda. Halafu anamwuliza: "Mama, kutoka hapa unalala mara ngapi?"