Semboja wa Mazinde

Katika zama za utoto wangu hapakuwa na marehemu aliyetajwa nyumbani kwetu mara nyingi, tena kwa namna mbili zisizopatana, kuliko Semboja, mwana wa Kimweri ye Nyumbai, mtawala wa Mazinde. Babu yangu mzaa baba, Msambaa aliyeteremka Korogwe kufuata kazi ya reli, alimtaja kwa fahari, akatusimulia kuwa alikuwa mwana wa mfalme aliyevaa kanzu na kunywa kahawa, na kuwakaribisha wafanyabiashara wa mrima kwa taadhima ya sultani. Bali bibi yangu mzaa mama, Mzigua wa pande za Handeni, alikuwa akisikia jina hilo huiweka chini kazi iliyo mkononi, akatutazama sisi watoto mmoja mmoja, kisha akasema, "Huyo aliuza watu, wajukuu zangu," wala haongezi neno.

Kwa miaka mingi niliegemea upande wa babu, kwa sababu hadithi yake ilikuwa na fakhari, na kwa sababu utajiri wa mtu huyo ulikuwa wa kweli kabisa. Kimweri, aliyekuwa babaye na mfalme wa Usambara, aliketi Vugha juu ya mlima. Yeye ndiye Simba Mwene aliyeaminiwa kuwa mvua imo mkononi mwake, ambaye ng'ombe na mavuno ya nchi yalipandishwa kwake yawe hazina ya siku za njaa, na milki yake ilifika hata pwani, ambako madiwani waliwekwa kwa idhini yake na ya Sultani wa Unguja. Alipokufa mwaka 1862 alirithiwa na mjukuu wake Shekulwavu, kijana ambaye ami yake Semboja hakuwa tayari kumtii. Naye Semboja alikuwa amekaa Mazinde, chini kabisa ya milima, pahala ambapo njia ya misafara itokayo Pangani, ikiandama mto Ruvu na kupita Korogwe, huelekea Upare, Kilimanjaro na nchi ya Wamasai. Pembe za ndovu zilishuka kwa njia hiyo; amerikani, kaniki, masango, shanga, na zaidi ya vyote bunduki na baruti, vilipanda kwa njia hiyo hiyo, na aliyeketi hapo hakuhitaji tena kungoja mgao wa mlimani.

Kabla ya miaka ya 1860 kwisha, Semboja alimfukuza Shekulwavu kutoka Vugha. Lakini alipoutwaa ufalme hakuukalia: alimweka mwanawe, Kimweri Maguvu, katika kiti cha babu yake, naye mwenyewe akarejea Mazinde penye bidhaa zake, kwa kuwa alikwisha kutambua kuwa nguvu ya nchi imehama kutoka kwenye mvua ikaingia kwenye bunduki, na bunduki hupita njiani. Hata leo nikilitafakari jambo hili naona kwamba hapana mtawala wa pande zetu aliyeufahamu wakati wake upesi kama yeye.

Mawazo yangu yalianza kugeuka mwaka 1962, kilipotolewa upya kitabu cha Habari za Wakilindi, alichokiandika Abdallah bin Hemedi 'lAjjemy, mtu aliyemtumikia Semboja na kuyajua mambo ya baraza lake. Nilikisoma kwa shauku ya kuitafuta fahari ya babu, na fahari niliikuta. Lakini pembeni yake nilikuta vita visivyokwisha, na Wabondei wakiinuka dhidi ya watawala wao wa Kikilindi, yaani wa ukoo wa Semboja, na nchi iliyokuwa na amani ikivunjika vipande. Ndipo nilipomwendea babu, mzee sana wakati huo, nikamwuliza swali ambalo hakuna aliyepata kumwuliza: bunduki zile zililipiwa kwa kitu gani, pembe zilipopungua? Alikaa kitambo, akanieleza kwamba yeye alipokuwa mtoto mama yake hakumruhusu kwenda kuteka maji peke yake, hata kama mto ulikuwa ukionekana kutoka mlangoni, kwa hofu ya watekaji.

Sultani Barghash alipiga marufuku biashara ya watumwa baharini mwaka 1873. Hata hivyo Pangani ilikuwa na mashamba ya miwa yaliyotaka mikono, na majahazi ya usiku ya kwenda Pemba hayakukosekana, hivyo mateka wa vita vya Usambara walipata mnunuzi siku zote. Wala haki hainiruhusu kuwaweka Wazigua wote katika fungu la waliodhulumiwa: wao walizipata bunduki mapema kuliko Wasambaa, na miongoni mwa wafuasi wa Semboja walikuwamo Wazigua. Hili bibi hakupenda kulisikia, nami sikumshurutisha.

Semboja alikufa mwaka 1895, na mwaka huo huo Wadachi, waliokuwa wamekwisha kuitwaa nchi, wakamnyonga mwanawe mwingine, Mputa, aliyekuwa akitawala Vugha wakati huo. Reli iliyoanza Tanga mwaka 1893 ikafika Korogwe mwaka 1902, na Mombo mwaka 1905, na wapagazi wa Pangani hawakuwa na kazi tena. Mazinde niliyoijua mimi ilikuwa ya mkonge, safu kwa safu, hata msafiri asiyeambiwa hadhani kwamba hapo paliamuliwa nani awe mfalme.

Leo nashika neno la bibi kuwa ndilo zito zaidi, bila ya kulitupa la babu, kwa maana mtu hodari aliyeuza watu alikuwa hodari kweli, na watu aliowauza walikuwa wetu. Walimu wa Korogwe na Handeni, nawasihi mwafundishe watoto habari zote mbili pamoja, na kabla ya hapo muwaendee wazee wachache waliosalia, ambao wazazi wao waliwasimulia ni nani alichukuliwa na kutoka kijiji gani, mkayaandike majina hayo.