Kombe la Vibanio vya Nguo

Nyumbani kwetu Dar kuna kombe ambalo mama anawekea vibanio vya nguo. Ni kombe la mpira wa kikapu. Timu yetu ya mtaani ililitwaa, kaka yangu akiwa nahodha na mimi mtu wa benchi, na baada ya miezi michache timu ikafa. Hatuliongelei sana.

Nililikumbuka siku moja nikisoma habari za Hasheem Thabeet. Si mnajua sisi na Hasheem? Mtoto wa Dar, mwaka 2009 Memphis Grizzlies walimchagua wa pili kati ya wachezaji wapya wote wa NBA, kabla hata ya Stephen Curry. Mwaka uliofuata wakamshusha kwa muda kwenda Dakota Wizards, ligi ndogo ya NBA. Nikataka kujua hiyo ligi ndogo ni kitu gani hasa. Nikarudi nyuma mpaka ilipoanza, 2001, na huko nikakutana na Asheville Altitude.

Asheville ni mji wa milimani, North Carolina, na jina la timu lilitokana na kimo hicho. Ilikuwa moja ya timu 8 za kuanzia, zote za kusini-mashariki mwa Marekani, za vijana waliokosa nafasi NBA na wanaosubiri simu iite. Mwaka 2004 Asheville walichukua ubingwa kwa kuwafunga Huntsville Flight 108 kwa 106, tena kwenye dakika za nyongeza. Mwaka 2005 wakauchukua tena, 90 kwa 67 dhidi ya Columbus Riverdragons. Halafu mwaka huohuo timu ikahamishiwa Tulsa, Oklahoma, ikaitwa 66ers. Misimu minne, makombe mawili, kwaheri.

Nikadhani ni mkosi wao tu. Kumbe Greenville Groove, mabingwa wa kwanza kabisa, 2002, walivunjwa 2003. Mobile Revelers walichukua kombe la 2003 na kuvunjwa mwaka huohuo. Yaani hakuna bingwa hata mmoja wa misimu ile minne ya mwanzo aliyebaki mjini kwake. Ukifikiri, unaelewa. Kwenye ligi ya namna ile mchezaji akifanya vizuri anaitwa juu, kwa hiyo shabiki anampenda leo mtu ambaye kesho hayupo. Kombe halilipi kodi ya ukumbi.

Nikampigia kaka simu nimpe hiyo habari kama pole. “Kaka, kumbe siyo sisi peke yetu!”

Akanyamaza. Kisha akasema, “Dogo, mimi nilijua kabla ya fainali.”

Mdhamini wetu alikuwa ameshamwambia kwamba baada ya mashindano yale basi, hatoi tena hata mia. Kaka akakaa nalo. Tulishinda, tukabebana mabegani, na jioni zilizofuata, kwa miezi miwili, akatuita mazoezini kama kawaida. Nazikumbuka jioni zile, mpira ukidunda kwenye sakafu ya saruji mpaka giza linaingia, na yeye akituambia tusiwe na haraka, ligi inakaribia kufunguliwa.

“Ningewaambia nini?” aliniuliza. “Mlikuwa na raha.”

Tulikuwa na raha, ndiyo. Lakini wenzetu wawili walikuwa wameitwa na timu nyingine wakakataa, kwa sababu walikuwa wanatusubiri sisi. Mmoja hakucheza tena. Nilimtajia kaka jina lake, akasema analijua, hakuna haja ya kumkumbusha. Simu ikakatika, au aliikata.

Asheville ndiko alikozaliwa mwandishi Thomas Wolfe, mwaka 1900. Kitabu chake *You Can't Go Home Again*, kilichotoka baada ya kifo chake, kinamhusu mwandishi ambaye watu wa mji wake wanamgeuka kwa sababu kawaandika. Nilikifikiria sana wiki ile. Nilishaanza kuandika haya, na kaka alikuwa hapokei simu.

Siku ya tisa akatuma ujumbe: “Andika. Ila weka na matokeo.”

Sasa hapo ndipo kazi ilipokuwa. Matokeo ya Asheville unayapata mpaka pointi ya mwisho. Hata timu yenyewe unaweza kuifuata: kutoka Tulsa ilihamia Oklahoma City mwaka 2014 ikaitwa Blue, na 2024 ikawa bingwa. Hasheem naye alikuwa amechezea Oklahoma City Thunder, timu mama iliyoimiliki, kuanzia 2012 mpaka 2014. Yetu haikuandikwa popote. Niliwauliza watu watano tuliocheza pamoja, nikapata majibu matano. Yule aliyeacha mpira alisema hakumbuki, akaniuliza kaka hajambo.

Nilipokwenda nyumbani nikavimwaga vibanio mezani, nikaligeuza kombe. Limeandikwa “Mshindi wa Kwanza” tu, hakuna mwaka wala pointi. Mama akauliza natafuta nini.

Kaka anasema tulishinda kwa pointi mbili. Mimi nakumbuka nne. Nimeziandika zote mbili hapa, na sijamtajia bado kwamba mwenzetu alimsalimia. Hilo nitamwambia ana kwa ana.