Kichwa Kibaya

"Kennedy! Shuka hapo sasa hivi!" Mama mmoja alipaza sauti kwa Kiingereza, nami, mzee wa miaka hamsini na minane niliyekuwa nimejikalia kwenye benchi na gazeti langu, nikashtuka nikasimama wima. Sikuwa nimepanda popote. Aliyepanda ni kitoto cha kike chenye nywele za rangi ya mchanga, kimening'inia kwenye vyuma vya bembea kama tumbili. Kilishuka kikinuna. Mjukuu wangu, aliyekuwa chini anachimba mchanga kwa kijiko cha plastiki, naye aliinua kichwa kuangalia ni nani anayemwita. Tukawa akina Kennedy watatu kwenye uwanja mmoja wa michezo mjini Lowell, Massachusetts, na mwanamume ni mimi peke yangu.

Hiyo ilikuwa mwaka 2022. Nilikozaliwa mimi, Kennedy ni mwanamume, wala hakuna wa kuuliza. Ukiambiwa Kennedy anakuja, unamtarajia fundi wa redio, mwalimu wa hesabu, kondakta wa matatu. Zambia ilipochukua Kombe la Mataifa ya Afrika mwaka 2012, golini alisimama Kennedy Mweene, na penalti yake mwenyewe akaipiga ikaingia. Huyo ndiye Kennedy ninayemjua.

Nilizaliwa Kisumu, kwenye nyumba za reli, Aprili 1964, usiku wa mvua. Kwa hiyo Okoth halikuwa na mjadala. Sisi Waluo humpa mtoto jina la hali aliyoikuta duniani: mvua ikinyesha, mvulana ni Okoth, msichana ni Akoth. Herufi ya mwanzo tu ndiyo inayowatenganisha. Lakini jina la pili baba alikuwa amelihifadhi moyoni tangu Novemba, redio ilipotangaza kwamba rais wa Marekani amepigwa risasi huko Dallas. Kenya ilikuwa imebakiza siku ishirini ipate uhuru wake.

Mama alipenda kusimulia ubatizo wangu. Padri alikuwa mtu wa Ayalandi, mrefu, mwekundu wa uso, aliyejua Kiluo cha kuungamisha na Kiswahili cha kununulia samaki. Baba alipotaja jina, padri akaweka kalamu chini.

"Hilo si jina, mzee. Hilo ni la ukoo. Kijijini kwetu kuna Kennedy ana bucha."

"Padri," baba akamjibu, "huyu wangu hatauza nyama."

Sheria ya Kanisa ya wakati huo, ile ya mwaka 1917, ilimwagiza padri kwamba wazazi wakileta jina lisilo la Kikristo, yeye aongeze la mtakatifu na ayaandike yote mawili kitabuni. Padri akaongeza Yohana. Mama anasema baba alicheka njia nzima kutoka kanisani. Yohana ndiye John. Padri wa watu alikuwa amemaliza kazi kwa mkono wake mwenyewe.

Kwa nini Kennedy? Nilipokuwa mdogo jibu la baba lilikuwa moja tu: "Alikuwa mtu mwema kwetu." Wema wenyewe nilikuja kuusoma baadaye. Septemba 1959 ndege ya kwanza ya wanafunzi iliyopangwa na Tom Mboya na marafiki zake wa Marekani iliondoka na vijana 81. Mwaka uliofuata nafasi za vyuo zilipatikana kwa wengi zaidi, ila nauli haikuwapo. Serikali ya Marekani ikasitasita. Julai 1960 Mboya akaenda kumwona seneta John Kennedy nyumbani kwao Hyannis Port, ufukweni, na wakfu wa familia ile ukatoa dola 100,000. Wangari Maathai alikuwa miongoni mwa waliosafiri mwaka huo. Fedha ile ilitolewa wakati wa kampeni za urais, na sidhani Kennedy alisahau kwamba Wamarekani weusi nao wanapiga kura. Lakini ukiwa karani wa reli Kisumu, mwenye cheti chako cha shule ndani ya bahasha, huulizi mvua imenyesha kwa sababu gani.

Mtaa wetu ulikuwa kama mkutano wa Umoja wa Mataifa. Jaramogi Oginga Odinga naye alikuwa akipeleka vijana, wake wakielekea Moscow na nchi za mashariki, kwa hiyo nyumba ya tatu kutoka kwetu alikuwamo Lumumba, na nyuma ya choo cha pamoja aliishi Castro, aliyekuwa akiogopa mbwa. Ungeweza kujua siasa za mwenye nyumba kwa kusikiliza anavyomwita mtoto chakula kikiiva. Mdogo wangu alizaliwa mwishoni mwa 1969, miezi michache baada ya Mboya kuuawa Nairobi siku ya Jumamosi, tarehe 5 Julai. Naye hakujadiliwa. Mboya likawa jina lake la kwanza. Usiku baba alikuwa akituita kwa pamoja, "Kennedy na Mboya, mmekwisha nawa miguu?" na leo najiuliza kama hakuwa akiipenda sentensi hiyo kwa ajili ya masikio yake mwenyewe.

Nilipofika chuoni, katikati ya miaka ya 1980, nikaona haya. Ngũgĩ wa Thiong'o alikuwa amekwisha liweka kando jina la James miaka mingi nyuma, vitabu vyake tukivipitisha mkono kwa mkono, na mimi nimeketi mbele, ndevu mbili kidevuni, naitwa kwa jina la rais wa mabeberu. Nikalitupa. Daftari zikawa K. Okoth, kisha Okoth mtupu. Baba hakunipinga hata siku moja. Aliendelea tu kuniandikia barua kila mwezi, na juu ya bahasha, kwa ule mwandiko wa makarani wa zamani wenye mikia, palikuwa na Kennedy.

Nikawa mwalimu wa Kiswahili, na huko kwenye chumba cha walimu, miaka ya 1990, ndipo nilipopewa maana ya jina langu. Tulikuwa na mwalimu wa kujitolea kutoka Ayalandi, mama mtu mzima wa wilaya ya Tipperary, anayekunywa chai kutushinda sisi sote. Aliona rejista, akaona jina nililolificha nyuma ya herufi moja, akacheka mpaka akakohoa.

"Mwalimu, unajua unaitwaje? Unaitwa Kichwa Kibaya."

Akachukua kipande cha chaki na, kwa kuwa ubao haukuwapo, akaandika juu ya meza: Ó Cinnéide. Ukilisoma linakaribia "O Kineyde". Ceann ni kichwa. Sehemu ya pili wengine wanasema ni neno la sura mbaya, wengine wanasema ni mavazi ya vita, na hapo maana inakuwa kichwa chenye kofia ya chuma. Yeye aliishikilia ya kwanza, kwa sababu, alisema, kwao kila mtu anaishikilia ya kwanza. Na Waselti hawakuwa na haya katika mambo hayo. Cameron wa Uskoti ni pua iliyopinda, Campbell ni mdomo uliopinda. Mababu walitania mwili wa mtu, utani ukaganda, wajukuu wakaupigia mihuri na kuuandika kwenye milango ya majumba ya kifahari. Nilifikiria wanafunzi wangu, na majina waliyotupachika walimu, na nikashukuru kwamba hayarithiwi.

Alichoniambia baadaye ndicho kilichonikaa. Kabla ya kuwa jina la ukoo, lile lilikuwa jina la mtu, jina la kwanza kama Okoth. Brian Boru, mfalme mashuhuri wa Ayalandi aliyeuawa kwenye vita vya Clontarf mwaka 1014, baba yake aliitwa hivyo, kwa tahajia ya zamani Cennétig. (Nilikuwa na akina Brian wanne katika darasa moja mwaka huo. Kesho yake nikawaambia kwamba mimi ni baba yao kwa mujibu wa historia, na nidhamu ikapanda kwa siku mbili.) Kisha wazao wa mtu mwingine wa jamaa hiyo, mwenye jina lile lile, wakajiita Ó Cinnéide, yaani mjukuu wa Cinnéide, kizazi cha Cinnéide. Walitawala nchi ya Ormond, kaskazini mwa Tipperary, kwa karne nyingi. Waingereza walipotawala, koo nyingi zikaidondosha ile Ó ili zipite bila kusumbuliwa, na wengi wa akina Kennedy hawakuirudisha tena. Patrick Kennedy, kijana wa Dunganstown huko Wexford, alipovuka bahari wakati wa njaa ya viazi na kwenda kutengeneza mapipa Boston, alivuka bila Ó. Kitukuu chake akawa rais.

"Ile Ó yenu," nikamuuliza, "ni kama ya kwetu? Otieno, Odhiambo, Okoth?"

Akafikiri. "Yetu ni mjukuu. Yenu?"

"Yetu ni mwanamume. Msichana anakuwa Atieno, Adhiambo, Akoth."

"Na kwetu msichana habaki na Ó!" Akapiga meza, chaki ikaruka. Akaandika chini ya lile la kwanza: Ní Chinnéide. Binti wa ukoo huo, kama Waswahili wanavyosema binti fulani. Mkuu wa shule alipoingia alitukuta tumeinamia meza kama watoto wanaocheza bao, akauliza kama kuna mtihani umevuja.

Ile meza ilifutwa siku ile ile. Mimi nikaanza tena kuandika Kennedy kamili, bila kumwambia mtu.

Baba alifariki mwaka 2004. Katika sanduku lake la bati mlikuwa na vyeti, risiti za kodi, picha ya harusi, na chini kabisa barua moja iliyopigwa taipu, ya mwaka 1960, kutoka ofisi fulani ya Nairobi. Kibanio kilikuwa kimeacha alama ya kutu kwenye kona, umbo lake lote, kama mfupa wa samaki. Walikuwa wamepokea maombi yake. Walisikitika. Nafasi zilikuwa zimejaa. Nilimpelekea mama, akaitazama bila kuishika.

"Waliokaa naye dawati moja, mmoja alikwenda," akasema. "Yeye alimsindikiza mpaka stesheni."

Miaka arobaini nilidhani naitwa jina la marehemu. Kumbe nilipewa la ndege iliyoondoka bila baba.

Nilimsimulia binti yangu habari hiyo, naye hakusema kitu. Ni muuguzi. Alikwenda Lowell, ambako Wakenya ni wengi kiasi kwamba unga wa ugali hauutafuti, na mwaka 2016 akanipigia simu kutoka hospitali.

"Baba, ni msichana. Anaitwa Kennedy."

"Mama, hilo ni la mwanamume."

"Huku ni la wasichana, Baba. Waulize."

Niliuliza. Kweli. Miaka ya 1990 lilianza kuingia katika majina elfu moja wanayopewa zaidi wasichana wa Marekani, na kufikia miaka ya 2010 lilikuwa limeingia mia moja ya kwanza. Reagan, la Kiayalandi vilevile, limeshika njia hiyo hiyo. Kwetu Reagan ni kijana wa bodaboda. Kwao ana riboni kichwani. Nilimuuliza jirani yake binti yangu, mama wa yule tumbili wa bembea, ni kwa nini alilichagua. Kwa sababu ya rais? Akashangaa kidogo. Hapana, alipenda linavyosikika. Lina nguvu, alisema, halafu mwishoni linalainika. Alipomwita tena mtoto wake nililisikiliza kwa makini, na alisema kweli: linaanza kwa kugonga kama mlango, likaisha kwa i. Miaka yote hiyo nilikuwa sijawahi kulisikia kama sauti.

Nisiwacheke. Novemba 2008 hospitali za Kisumu zilijaa watoto walioitwa Obama, hilo nalo likiwa jina la baba wa mtu, na wazazi wao hawakuwa na mtaala wowote wa maana ya maneno. Obama mwenyewe Mei 2011 alikwenda Moneygall, alikotoka mmoja wa mababu zake wa upande wa mama, kijiji kilicho mpakani mwa Tipperary, jirani na nchi ya akina Ó Cinnéide. Alipohutubia Dublin aliwatania watu kwamba amekuja kuitafuta ile apostrofi iliyodondoka kwenye jina lake. Nilikuwa nakunywa chai mbele ya televisheni. Nilitamani sana yule mama wa chaki awe karibu.

Mjukuu wangu anaitwa Kennedy Akoth. Siku aliyozaliwa hakukuwa na mvua. Jua lilikuwa kali, nilimuuliza mama yake mara mbili. Ametoa Akoth kwangu kwa kunibadilishia herufi ya mbele, na Kennedy akaliacha lilivyo, kwa kuwa halina mahali pa kubadilishia.

Jioni ile tulirudi kutoka uwanjani tukiwa tumeshikana mikono, viatu vyake vimejaa mchanga. Akanieleza, kwa uzito wa mtu wa darasa la kwanza, kwamba shuleni wako wawili, kwa hiyo mwalimu amewagawia herufi. Yule mwenzake ni Kennedy M. Yeye ni Kennedy A.

Tukatembea kidogo.

"Babu," akasema, "basi wewe ni Kennedy O."

"Ndiyo," nikamwambia. "Mimi ndiye Kennedy O."