Nyuso Alizozichora Joy Adamson

Akina mama wenzangu, wengi wetu tukisikia jina la Joy Adamson tunamkumbuka simba Elsa tu. Mwezi huu napenda tumtazame kwa upande mwingine. Alikuwa mgeni, mwanamke, aliyetumia miaka mingi kuchora sura za watu wa Kenya, jirani zetu.

Jina lake la kuzaliwa ni Friederike Victoria Gessner. Alizaliwa tarehe 20 Januari 1910 katika mji wa Troppau, ambao leo unaitwa Opava na uko katika Jamhuri ya Cheki. Wazazi wake walitengana akiwa bado binti, akalelewa na bibi yake. Mwaka 1935 aliolewa na Viktor von Klarwill, mfanyabiashara Myahudi. Chuki dhidi ya Wayahudi ilipozidi huko Ulaya, mumewe alimtanguliza Kenya mwaka 1937 akaangalie mahali pa kuishi. Melini akakutana na Peter Bally, Mswisi mtaalamu wa mimea, na ndoa ya kwanza ikaishia hapo. Bally ndiye aliyempa jina la Joy na kumtia moyo achore maua. Nayo ndoa hiyo ikavunjika, na mwaka 1944 akaolewa na George Adamson, Bwana Nyama wa kaskazini mwa Kenya.

Najua wapo watakaoguna: waume watatu! Simtetei. Lakini mimi ni muuguzi, na kuna jambo siwezi kulipita. Mama huyu alipoteza mimba zaidi ya mara moja, wala hakujaliwa mtoto. Huku kwetu Sola mwanamke huitwa "mayu" kwa heshima, ila yule ambaye mimba zinamtoka hupewa majina mengine akigeuka mgongo. Nimewapokea wengine wakiwa wameletwa na mawifi waliokunja uso, kana kwamba mgonjwa amekusudia. Ndugu zangu, mimba nyingi zinazotoka katika miezi ya mwanzo huwa na kasoro tangu zilipotungwa. Si uvivu wa mke, wala si laana.

Turudi kwenye picha. Mwishoni mwa miaka ya 1940 serikali ya kikoloni ilimpa kazi ya kuchora watu wa makabila ya Kenya wakiwa katika mavazi na mapambo yao ya jadi, kwa kuwa mavazi hayo yalikuwa yakitoweka. Alizunguka kuanzia pwani hadi nchi kavu za kaskazini, akachora zaidi ya picha 500. Wazee, vijana wa jando, mabibi harusi. Mtu anayechorwa hukaa kimya muda mrefu huku akitazamwa. Kazi yetu wauguzi ina jambo kama hilo: mama akiingia, kabla hajasema neno nimekwisha kumtazama kope za chini, midomo na viganja, nijue kama damu inamtosha. Utazamaji wa namna hiyo ni aina ya heshima, ukifanywa vizuri.

Hata hivyo tusisahau nani alikuwa analipa. Oktoba 1952 serikali ile ile ilitangaza hali ya hatari, na kuanzia 1954 ikawahamisha Wakikuyu kwa nguvu, wanawake na watoto kwa wingi, katika vijiji vilivyozungushiwa mitaro na vizuizi. Mkono mmoja uligharimia picha za mabibi, na mkono mwingine ukachoma nyumba zao. Mimi hilo linanisumbua kuliko habari za waume.

Habari za Elsa mnazijua. Alichukuliwa akiwa mtoto mwaka 1956, na kitabu kikatoka 1960. Kitabu cha picha za watu, "The Peoples of Kenya", kilitoka 1967, hakikupata sifa kama kile cha simba. Joy aliuawa tarehe 3 Januari 1980 huko Shaba. Kwanza ilidhaniwa ni simba, kumbe alichomwa na mtu aliyewahi kumfanyia kazi.

Picha zake ziko katika Makumbusho ya Taifa jijini Nairobi. Mjukuu anaweza kwenda kuona jinsi bibi zake walivyotoboa masikio na kuvaa shanga. Marehemu mama mkwe wangu alikuwa na chale nzuri mashavuni. Alipigwa picha moja tu maishani mwake, ya kitambulisho cha mpiga kura, na humo amefumba macho.