Kijana Aliye Nyuma ya Mitambo

Leo tuzungumze juu ya muziki ambao ukipigwa nyumbani kwako usiku, pengine utaamka kuukemea kwa jina la Yesu. Unaitwa hevi metali. Usiondoke, soma kwanza.

Kulikuwa na vijana wawili wa Nairobi waliojiita Duma. Ukilisikia jina hilo kwa Kiswahili unafikiria yule mnyama mwenye mbio, lakini wao walilitoa kwa Kikuyu, na huko maana yake ni giza. Martin Khanja alipiga mayowe, Sam Karugu akashika gita na utayarishaji wa sauti. Walitokea katika bendi za metali za Nairobi, Lust of a Dying Breed na Seeds of Datura. Mwaka 2019 wakaenda Kampala, katika studio ya Nyege Nyege, wakarekodi kwa miezi mitatu. Albamu ikatoka Agosti 2020 na ikasikika hadi Ulaya.

Nimewajuaje? Mama mmoja wa kanisa letu hapa Nakuru aliniita nimwombee mwanawe, kwa sababu amejifungia chumbani na "muziki wa shetani" na tarakilishi. Nilikwenda. Kwenye simu ya kijana nikaona majina ya nyimbo za albamu hiyo. Moja lina 666. Lingine linazungumzia kujiua. Mzazi akiona hivyo lazima ashtuke, na mimi nilishtuka. Kwa hiyo kabla ya maombi nilimwuliza waziwazi: mwanangu, unafikiria kujidhuru? Akasema, hapana pasta. Akanyamaza kidogo, halafu akaniambia kwamba hakuna mtu aliyewahi kumwuliza hivyo.

Mpendwa, kama una kijana nyumbani, swali hilo unaweza kumwuliza leo. Usingoje mchungaji.

Kisha nikamwuliza anasikiliza nini hasa ndani ya kelele zile. Ndipo akafunguka! Hakunieleza habari za Khanja anayepiga mayowe, alinieleza habari za Karugu. Ngoma za Duma ni za mashine, na zinakwenda kasi kuliko mkono wa mtu. Juu yake kuna gita lililokwaruzwa, na juu ya gita kuna mayowe. Vyote vinagombania mahali pamoja. Ngoma kubwa na besi hukaa chini kabisa, na gita la namna ile hutanda katikati, pale pale panapokaa sauti ya mwanadamu. Fundi asiyejua, mwimbaji akizama, humwongeza. Mpiga gita naye hudai aongezwe. Mwisho wake ni ngurumo tupu. Fundi anayejua hupunguza. Kijana alilipunguza gita kidogo tu, katikati, na mayowe yakatokea mbele kama mtu aliyefungua mlango. Mimi nilisoma chuo cha Biblia, sikusoma sauti, lakini hilo nililisikia.

Kazi hii si mchezo wa watoto wa siku hizi. Mwingereza Martin Birch alianza kama fundi wa sauti, akarekodi Deep Purple, akatayarisha albamu za Black Sabbath na Iron Maiden, akastaafu 1992 akiwa na umri wa miaka 43. Waliopiga kelele jukwaani unawajua kwa sura. Yeye jina lake liko nyuma ya jalada, kwa herufi ndogo.

Maneno ya nyimbo zile siyatetei. Nilimwambia kijana hivyo, tukabishana, na bado tunabishana. Lakini sikuona pepo la kutoa katika masikio yake. Kenania, katika 1 Nyakati 15, alipewa usimamizi wa uimbaji kwa sababu alikuwa stadi. Makanisa yetu mangapi yana Kenania? Tunanunua spika kubwa, mhubiri anampungia fundi mkono, ongeza, ongeza, na majirani wanatupeleka NEMA, ambao wana kanuni za kelele tangu 2009. Wataalamu wanasema sikio linavumilia desibeli 85 kwa saa nane, na kila zikiongezeka tatu muda huo hukatwa nusu. Piga hesabu: kwa desibeli 100 ni dakika 15. Ibada yetu ni saa tatu, na watoto wa Sunday school wamekaa mbele.

Kijana sasa yuko kwenye mitambo yetu kila Jumapili. Wiki ya kwanza alizima spika mbili, na wazee wakaja kwangu kulalamika kwamba upako umepungua. Wiki ya tatu mzee mmoja mwenye umri wa miaka 78 aliniambia ndiyo mara ya kwanza amesikia maneno ya kwaya. Mama yake kijana bado hapendi metali. Amemnunulia vipokea sauti vya masikioni.