Utenzi wa Calais

Katika Kifaransa liko neno *épopée*, na mfasiri wa pwani akikutana nalo hana haja ya kulitafutia mwenziwe mbali: ni utenzi. Ni kisa kirefu cha ushujaa, chenye safari na mapambano, na chenye majina ya watu ambao mtunzi hakutaka wapotee. Mwaka 2008 mji wa bandari wa Calais, kaskazini mwa Ufaransa, ulifungua uwanja mpya wa mpira wa miguu, ukauita Stade de l'Épopée, yaani Uwanja wa Utenzi. Ni nadra uwanja wa michezo kupewa jina la utanzu wa fasihi. Na ajabu ya pili ni hii: utenzi uliokusudiwa haukutungwa na malenga yeyote. Uliandikwa kwa miguu, katika msimu wa 1999/2000 wa Kombe la Ufaransa, na beti zake za mwisho zilisomwa jioni ya tarehe 7 Mei 2000, pale mashujaa wake waliposhindwa.

Kombe lenyewe lilizaliwa katika msiba. Lilianza kuchezwa msimu wa 1917/18, Vita Vikuu vya Kwanza vikiwa bado havijakwisha, likapewa jina la Charles Simon, kiongozi wa michezo aliyeuawa vitani mwaka 1915. Tangu hapo mlango wake umekuwa wazi kwa klabu za jiji na za kijiji, za matajiri na za wachanga mchango, na siku hizi klabu zaidi ya 7,000 hujitosa humo kila msimu. Hata visiwa vya Bahari ya Hindi vilivyo chini ya bendera ya Ufaransa, Réunion na Mayotte, hupeleka wana wao. Januari 2020, timu ya Saint-Pierroise ya Réunion ilivuka bahari ikaenda kuifunga Niort, klabu ya daraja la pili, nyumbani kwake, mabao 2 kwa 1. Kwa watu wa visiwani, wanaojua maana ya kuitwa wa pembezoni, habari ile ilikuwa na ladha yake.

Wapenzi wa tungo wataielewa upesi sheria ya mtoano. Ligi ni mfano wa diwani: shairi moja likichechemea jingine hulinyanyua, na mwisho wa mwaka msomaji hupima kwa jumla. Mtoano hauna subira hiyo. Wenyewe unafanana zaidi na utenzi, ambamo kila ubeti huwa na mishororo mitatu yenye kina chake, lakini mshororo wa nne hauna hiari: hapana budi urejee kwenye kina kile kile kinachoufunga utungo toka mwanzo hadi mwisho. Katika mtoano mpinzani hubadilika, uwanja hubadilika, jua na mvua hupokezana. Kina kimoja tu hukaa pale pale, nacho ni kwamba aliyefungwa hutoka. Juu ya hayo ipo kura, ambayo haitazami cheo wala mfuko, na ambayo yaweza kumkutanisha mtu wa daraja la nne na bingwa wa nchi. Wahenga walisema dua la kuku halimpati mwewe. Kwenye Kombe, kuku hupewa dakika 90 za kuomba.

Calais ni mji uliozoea kutazamwa na wapitao njia. Uko kwenye mlango mwembamba wa bahari, kilomita 34 hivi kutoka pwani ya Uingereza, na wengi waliofika huko walikuwa wakienda kwingine. Viwanda vyake vya lesi, vilivyoupa jina katika karne ya 19, vilikuwa vimepungua sana kufikia miaka ya 1990, na kazi zilikuwa adimu. Mbele ya jumba la baraza la mji imesimama sanamu mashuhuri ya Auguste Rodin, iliyozinduliwa mwaka 1895: raia sita, kamba shingoni, wakitoka kumkabidhi Mfalme Edward wa Tatu wa Uingereza funguo za mji mwaka 1347, baada ya mazingiwa ya karibu mwaka mzima. Masimulizi ya zamani yasema malkia aliwaombea wakasalimika. Rodin hakuwachonga wakiwa wameinua vifua. Aliwachonga wakiwa na hofu, miguu mizito, kila mmoja na huzuni yake. Hivyo mji huu ulikuwa na desturi ya kuwaheshimu walioshindwa miaka mingi kabla mpira haujaupelekea wengine.

Klabu ya Calais Racing Union ilicheza daraja la nne. Wachezaji wake walikuwa wa ridhaa: walikuwamo makuli wa bandarini, walimu, makarani na wauzaji wa madukani, watu waliofika mazoezini jioni baada ya kutumikia riziki. Kocha wao alikuwa Ladislas Lozano, na nahodha Réginald Becque. Waliitoa Lille, ambayo msimu ule ule ilitwaa ubingwa wa daraja la pili, kwa mikwaju ya penalti, 7 kwa 6, baada ya sare ya bao 1 kwa 1. Wakaifunga Langon-Castets, ndogo mwenzao, mabao 3 kwa bila. Wakaitoa Cannes ya daraja la pili, tena kwa penalti. Kufikia hapo magazeti yalikuwa yameshaanza kuuliza mchezaji fulani hufanya kazi gani, mkewe husemaje, mwajiri wake amempa ruhusa ama la. Maswali hayo hayakuulizwa kwa wachezaji wa kulipwa, kwa kuwa wao jibu lao lajulikana.

Katika robo fainali ilikuja Strasbourg ya daraja la kwanza. Uwanja mdogo wa Calais haukuweza kubeba umati uliotaka kuiona mechi, ikabidi timu ihamie Lens, mji wa wachimba makaa wenye uwanja mkubwa. Strasbourg ikafungwa 2 kwa 1. Nusu fainali, tarehe 12 Aprili 2000, pale pale Lens, kura ikawaletea Bordeaux, mabingwa wa Ufaransa wa mwaka uliotangulia. Dakika 90 zilipita bila bao. Kilichofuata ndicho kilichowafanya watu wazima walie hadharani. Katika muda wa nyongeza Calais wakatangulia. Bordeaux wakasawazisha, na kila mtu akadhani hadithi imekwisha, kwa kuwa miguu ya mtu aliyetoka kazini haina akiba ya kutosha kwa dakika 120. Miguu ile ikapata akiba. Calais wakafunga la pili, kisha la tatu, na mechi ikaisha 3 kwa 1. Haikuwa imewahi kutokea klabu ya daraja hilo kufika fainali ya Kombe hili.

Fainali ilichezwa Stade de France, uwanja wa watu karibu 80,000, ule ule ambao miaka miwili nyuma Ufaransa ilitwaa Kombe la Dunia. Mpinzani alikuwa Nantes, mshika Kombe, ambaye kwenye ligi alikuwa akihangaika asishuke daraja. Rais Jacques Chirac alikuwepo jukwaani. Dakika ya 34 Jérôme Dutitre aliifungia Calais, na kwa zaidi ya robo saa nchi nzima ilikaa na jambo ambalo akili hailikubali: timu ya makuli na walimu ikiongoza fainali ya taifa. Baada ya mapumziko Antoine Sibierski akasawazisha. Muda ukasonga, muda wa nyongeza ukawa unanukia, na dakika ya 90 mwamuzi akaipa Nantes penalti ambayo watu wa Calais waliibishia siku ile na kwa miaka mingi baadaye. Sibierski akapiga, akafunga. Mbili kwa moja. Kina cha mwisho kikarudi, hakumwonea haya mtu.

Hapo ndipo lilipotendeka jambo ambalo hakuna kanuni iliyoliagiza. Nahodha wa Nantes, mlinda mlango Mickaël Landreau, alikuwa kijana wa miaka 20. Alipokwenda kupokea Kombe hakulinyanyua peke yake. Alimwita Becque, nahodha wa walioshindwa, na wakaliinua pamoja, mikono minne kwenye kikombe kimoja. Picha ile ilienea duniani. Wako waliosema ni huruma, na wako waliosema ni aibu ya ile penalti. Lakini huruma humpa mtu kilichozidi, na aibu hutazama chini. Kijana yule aligawa kitu ambacho alikuwa amekipata kwa shida na ambacho hakikuwa na mwenziwe. Penye ukweli uongo hujitenga: alijua nani amefunga mabao mengi, na alijua pia ni nani aliyeufanya usiku ule ustahili kukumbukwa.

Lau kisa kingekomea hapo kingekuwa hadithi ya kuwalaza watoto. Lakini utenzi una tabia ya kuendelea baada ya vita, na mtunzi mkweli haruki beti za baadaye. Nantes waliponea chupuchupu kushuka daraja, na mwaka 2001 wakawa mabingwa wa nchi. Calais waliachwa na sifa. Sifa ni mgeni mwenye gharama: akikaa mno huuliza kwa nini nyumba ni ndogo. Klabu ilijitahidi kuishi kwa kimo cha jina lake jipya. Mwaka 2006 ilifika tena robo fainali ya Kombe, na aliyeitoa, kwa mchezo wa majaaliwa, alikuwa Nantes yule yule. Mwaka 2008 ukafunguliwa ule Uwanja wa Utenzi, wenye nafasi ya watu wapatao 12,000. Kisha hesabu zikaanza kukataa. Klabu ikateremshwa kwa sababu ya fedha, madeni yakaikaba, na mwaka 2017 mahakama ikaamuru ifilisiwe. Miaka kumi na saba baada ya ile fainali, uwanja ulikuwa umesimama, na klabu iliyoimbwa kwa jina la uwanja haikuwapo.

Wenye haraka watajibu kwa methali: mgema akisifiwa, tembo hulitia maji. Methali hii yafaa, lakini hapa yahitaji kusomwa kwa pande mbili. Kwa kawaida lawama yote humwendea mgema. Aliyesifu hunywa, hukunja kilemba chake, huondoka. Lakini Calais hawakulitia tembo maji usiku wa 7 Mei. Lilikuwa safi hadi tone la mwisho. Waliokuja baadaye, wenye kamera, wenye hotuba, wenye kutaka kila mwaka uwe ule mwaka, ndio waliomtaka mgema apande mnazi mrefu kuliko kamba yake. Makuli na walimu wale waliupata utukufu wao kwa sababu hawakuwa na la kupoteza. Walipopewa la kulinda, mzani ukabadilika. Msifu mnyonge kwa alichokifanya, naye atafurahi. Mtake akifanye tena kila mwaka, nawe umemkopesha deni ambalo hakuliomba.

Pwani hii haihitaji kufunzwa somo hilo na mgeni. Fasihi yake ina pande zote mbili za kumbukumbu. Uko *Utendi wa Tambuka*, uliotungwa Pate mwaka 1728, wenye farasi, panga na majina ya majemadari. Na iko *Al-Inkishafi* ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, ambayo yaitazama Pate ile ile baada ya fahari yake, kumbi zikiwa zimekosa wenyewe. Aliyesoma cha kwanza bila cha pili amesoma nusu. Calais iliandika cha kwanza kwa siku chache za majira ya kuchipua, na cha pili ikakiandika kwa miaka kumi na saba, polepole, katika daftari za mahesabu.

Hata hivyo utenzi haukai kwenye jiwe. Ungekaa kwenye jiwe, *Tambuka* isingeyapita maisha ya kuta za Pate. Hukaa kwenye vinywa vya wanaoukariri, na kukariri kwa watu wa mpira ni kutenda. Tarehe 8 Mei 2018, katika uwanja ule ule wa Stade de France, klabu ndogo ya Les Herbiers ya daraja la tatu ilicheza fainali ya Kombe na Paris Saint-Germain, klabu yenye utajiri usio na mfano katika nchi ile, ikafungwa mabao 2 kwa bila. Nahodha wa Paris alikuwa Thiago Silva, Mbrazili, ambaye mwaka 2000 alikuwa mtoto ng'ambo ya pili ya bahari. Alipofika kupokea Kombe alimwita Sébastien Flochon, nahodha wa Les Herbiers, na wakaliinua pamoja. Calais Racing Union ilikuwa imeshafilisiwa mwaka uliopita. Ubeti wake ulisomwa jioni ile bila kukosewa hata mizani moja.