Kibanda cha Bustani Kigeuzwapo Chumba cha Kulala

Mwenye kutoka Goma na kushika njia ya Sake, yapata kilometa 25 upande wa machweo, huona kushoto ziwa Kivu, na kuume nchi nyeusi ya mawe yaliyotapikwa na volkano. Juu ya mawe hayo watu wamejenga nyumba za mbao na mabati. Nyuma ya nyumba mara nyingi husimama kibanda cha bustani, ambamo huwekwa majembe, mbegu na makaa.

Nyiragongo ilipomwaga moto wake tarehe 17 Januari 2002, na tena tarehe 22 Mei 2021, jamaa nyingi zilipoteza makao. Siku kama zile mwenye kibanda hukifagia, akatandika mkeka, na ndugu akapata pa kulala. Wahenga walinena: Mgeni njoo, mwenyeji apone.

Lakini wenyeji wa nchi hii hawamlazi mtu mahali popote. Wanaijua mazuku, hewa mbaya itokayo chini ya ardhi. Si uchawi: ni gesi ya kaboni iliyo nzito kuliko hewa tunayovuta. Kwa hiyo hujikusanya mashimoni na mabondeni, hasa usiku na alfajiri, upepo ukiwa umetulia. Mbuzi akishuka humo, hufa. Na mtoto aliyelala sakafuni huipata kabla ya mtu aliyesimama.

Basi, tukitaka kugeuza kibanda, tutazame kwanza kiwanja, ndipo tutazame paa. Kibanda kilicho bondeni tukiachie majembe. Kilicho mahali pa juu tukitilie sakafu ya mbao iliyoinuka, na madirisha mawili yanayoelekeana, ili hewa ipite. Taa ikizimika yenyewe karibu na ardhi, tutoke mara moja. Walakini taa inayowaka si ushahidi wa kutosha, maana gesi hudhuru mtu kabla ya kuzima moto. Tena baridi isitushawishi kuingiza mbabula ndani: makaa yawakayo hutoa sumu nyingine, isiyo na rangi wala harufu.

Enyi wazazi, waulizeni kwanza wazee wa mtaa: Je, hapa wanyama wamewahi kufa pasipo ugonjwa? Kumpa ndugu malazi ni jambo jema; kumpa malazi atakamoamka salama asubuhi, huo ndio ukarimu wenyewe.